Tope la Sabaki: kisa cha mlango wa mto na ndege wanaoutegemea

Mvua za vuli zikishika Ukambani, Malindi hupata habari kupitia bahari. Maji ya mbele ya mji, ambayo juma lililopita yalikuwa ya kijani, hugeuka kuwa ya kahawia, na ukiyachota kwenye chupa unaona udongo ukitulia chini. Wenye hoteli huwaelekeza wageni Watamu, wenye mashua za kutazama matumbawe hukaa bila kazi, na barazani lawama ni moja: Sabaki imeshuka.

Kisa ninachotaka kukichambua ni cha mlango wa mto huu, kilomita chache kaskazini mwa mji, unapoelekea Mambrui. Tope tunalolilaani mbele ya mji ndilo lililojenga pale mlangoni malisho ya maelfu ya ndege wa pwani, wengi wao wakiwa wametoka nchi za barafu. Watu wanaoitetea bahari ya Malindi huzungumza juu ya matumbawe, nao wana haki. Lakini kwa miaka mingi tope limekuwa na washtaki tu, halina wakili, na mlango wa mto umebaki mahali pasipo na mwenyewe. Naamini unastahili kulindwa kwa sababu ya tope lake hilohilo, na kwamba hatua za kuulinda si ghali.

Tuanze na udongo unakotoka. Mto huanzia kwenye miinuko ya kusini mwa Nairobi ukiitwa Athi, hupokea maji ya mto Nairobi pamoja na uchafu wa jiji, hupita Ukambani chini ya uwanda wa Yatta, hukutana na mto Tsavo na kuitwa Galana, kisha huteremka kwetu ukiwa Sabaki. Baada ya Tana hakuna mto mrefu kuupita nchini. Njiani hupita kwenye miteremko iliyolimwa bila matuta, kwenye malisho yaliyochoka na kwenye ardhi kavu ambayo mvua ya kwanza huikuta haina jani la kuifunika. Kila kinachong'oka huko huishia hapa.

Historia ya mmomonyoko huo imeandikwa mahali ambapo wengi hawangefikiria kutafuta: ndani ya tumbawe. Matumbawe hukua tabaka juu ya tabaka, mwaka hadi mwaka, na udongo wa mto unapofika baharini huacha humo alama ya madini ya bariamu. Utafiti uliochapishwa mwaka 2007 ulisoma tumbawe la umri wa miaka 300 hivi kutoka Mbuga ya Bahari ya Malindi. Kwa karne mbili za mwanzo alama ya udongo ilikuwa ndogo na tulivu. Ilianza kupanda mwanzoni mwa karne ya 20, utawala wa kikoloni ulipokuwa umeshika ardhi ya bara na kubadilisha jinsi inavyotumiwa, na baadaye ikapanda zaidi. Kwa hiyo anayesema tope ni la siku hizi tu anakosea, na anayesema limekuwa hivi tangu enzi na enzi naye anakosea. Mto huu umeleta udongo siku zote. Tulichofanya binadamu ni kuuzidisha, na kwa wingi.

Matokeo yake mbele ya mji kila mtu anayaona. Ufuo wa ghuba la Malindi umesogea baharini, na majengo yaliyokuwa karibu na maji sasa yana uwanja mpana wa mchanga mbele yake, na vilima vilivyorundikwa na upepo. Udongo mwepesi hubaki ukielea. Wakati wa kaskazi, takriban Novemba hadi Machi, mkondo huusukuma kusini kuelekea mbuga ya bahari, ile iliyotangazwa mwaka 1968 pamoja na ya Watamu. Wakati wa kusi huchukuliwa upande wa pili, kuelekea Ngomeni na ghuba la Ungwana, ambako ndiko kwenye kamba wengi kuliko sehemu nyingine ya pwani ya Kenya. Wavuvi wa kamba hawahitaji kuambiwa kwamba maji ya mto ni riziki. Wanajua kamba hupenda wapi.

Pale mlangoni penyewe hutokea jambo ambalo kwa macho halionekani. Maji matamu yanapokutana na ya chumvi, chembechembe za udongo zilizokuwa zikielea kila moja peke yake hushikana, huwa nzito na kuzama. Ndiyo maana tope hukusanyika hapo na si maili kumi mbele. Bahari inapokupwa huacha wazi mafungu ya mchanga na tambarare za tope laini lenye rutuba ya mabaki ya majani yaliyosafiri kutoka bara. Humo huzaana minyoo, kaa wadogo, konokono na wadudu wa maji kwa wingi usiosemeka. Pembeni, penye tope lililoanza kushikana, miche ya mchu huota yenyewe, ndio mkoko wa kwanza kuthubutu.

Basi hiyo ndiyo meza. Wanaokula ni hawa.

Kuanzia Agosti huanza kushuka vitwitwi na jamaa zao kutoka kaskazini. Yupo kitwitwi mwenye mdomo mrefu uliopinda kidogo kuelekea chini, ambaye huzaliana katika nyika za barafu za Siberia na hapa huvaa vazi la kijivu lisilovutia macho. Yuko mdogo zaidi yake, mwepesi kuliko shomoro wengi, anayedonoa juu juu ya tope bila kupumzika. Wako sululu wenye midomo mirefu iliyopinda, wanaotafuta kaa mashimoni. Wako wale wa kijivu wenye macho makubwa, ambao hukimbia, husimama ghafla, hutazama, kisha hudonoa. Na wako wale weupe wa ukingoni, wanaofuata wimbi linaporudi na kulikimbia linapokuja. Mgeni huona kundi moja la ndege wanaofanana. Ukikaa na kuwatazama, unaona kila mmoja ana kina chake cha tope na mbinu yake. Wenye midomo mirefu huhisi windo kwa ncha ya mdomo, iliyojaa mishipa ya fahamu, hata kama hawalioni. Wenye midomo mifupi hutegemea macho. Kwa njia hiyo aina nyingi hula mahali pamoja bila kunyang'anyana sana.

Nimlete pia yule mweupe na mweusi mwenye miguu mirefu na mdomo mnene mweusi, mla kaa, ambaye wataalamu wa dunia nzima huja pwani yetu kumtazama. Jina lake la kisayansi ni Dromas ardeola. Huzaliana kandokando ya bahari ya Uarabuni, Ghuba la Uajemi na Bahari ya Shamu, tena kwa namna ambayo hakuna ndege mwingine wa kundi lake anayoifuata: huchimba shimo refu mchangani na kutaga humo, kwa kawaida yai moja jeupe, na joto la ardhi husaidia kuliatamia. Yeye hupendelea zaidi hori la Mida, kusini ya Watamu, kuliko Sabaki. Namtaja kwa sababu anatukumbusha kwamba pwani hii ni ncha moja ya njia, na ncha nyingine iko katika nchi tulizofanya nazo biashara kwa majahazi tangu zamani, kwa pepo zilezile.

Wageni wa kaskazini hukaa nasi hadi Aprili au mwanzo wa Mei. Wachanga wao, ambao hawajafikia umri wa kuzaliana, wengi huupitisha mwaka wote wa kwanza hapahapa. Lakini watu wazima wanapoondoka, mlango wa Sabaki haubaki mtupu, na hapa ndipo kisa hiki kinapokuwa tofauti na vingi vya aina yake. Kusi ikianza, hufika ndege kutoka upande wa pili kabisa: wa kahawia, wenye mabawa marefu yaliyochongoka, wanaokamata wadudu angani kwa mtindo wa mbayuwayu na kupumzika kwa makundi juu ya mchanga. Hawa huzaliana Madagaska pekee. Wakimaliza huvuka bahari na kupitisha miezi ya baridi ya kusini katika pwani ya Afrika Mashariki, na mlango wa Sabaki ni mmoja wa mahali pachache panapojulikana kuwapokea kwa maelfu. Kwa maneno mengine, fungu lilelile la mchanga linafanya kazi kwa zamu mbili: kaskazi ni la Siberia, kusi ni la Madagaska. Mwaka 1999, orodha ya sehemu 60 za Kenya zilizo muhimu kwa ndege ilipotolewa, mlango wa Sabaki ulikuwa ndani yake, na ulistahili.

Sasa nifike kwenye shida, na shida naona watu wengi huitafuta mahali pasipo. Tunapofikiria makao ya ndege tunafikiria chakula. Tope lipo, minyoo ipo, basi ndege wako salama. Lakini tope hufunikwa mara mbili kila siku. Wakati wa bamvua, baada ya mwezi kuandama na tena baada ya mwezi mpevu, tofauti kati ya maji makavu na maji makuu katika pwani hii hukaribia mita nne, na bahari ikijaa hakuna tambarare inayobaki. Saa hizo ndege lazima wawe na mahali pa kusimama: pakavu, peupe pasipo na kichaka cha kumficha adui, karibu na malisho. Kwa Sabaki mahali hapo ni ncha ya mchanga inayotenganisha mto na bahari, pamoja na mafungu mawili matatu ambayo hubadilika kila mwaka kwa jinsi mto unavyopenda. Makundi yote yaliyokuwa yametawanyika kwenye eneo kubwa hubanana kwenye kipande hicho kidogo.

Na kipande hicho ndicho watu nao hupenda. Ndiyo njia ya mkato ya ufuoni. Ndipo wageni huja kupiga picha machweo, ndipo vijana hupitisha pikipiki zao, ndipo mbwa hufunguliwa wakimbie. Simlaumu yeyote, ufuo ni wa watu. Lakini mtazame ndege mwenye gramu hamsini na kitu mwezi wa Machi. Anajinenepesha kwa safari ya maelfu ya kilomita, na kabla ya kuondoka anaweza kukaribia kuongeza uzito wake nusu nzima, yote mafuta. Kila anaporushwa angani saa ambayo hawezi kula, anachoma akiba ambayo hataweza kuirudisha mpaka maji yakupwe. Akirushwa mara moja hakuna neno. Akirushwa kila nusu saa, kwa bamvua zote za mwezi, ataondoka akiwa mwepesi au atachelewa, na huko Siberia kiangazi ni cha majuma machache tu. Aliyechelewa hukuta wenzake wameshachagua mahali pa kutagia. Hakuna mzoga utakaoonekana Malindi, na kwa hiyo hakuna atakayejua kwamba hasara imeanzia hapa.

Hili si jambo la kudharau kwa sasa. Oktoba 2024, orodha ya kimataifa ya viumbe vilivyo hatarini ilipohuishwa, aina kadhaa za ndege wa pwani wahamao zilishushwa daraja kwa pamoja. Yule kitwitwi wa Siberia mwenye mdomo uliopinda na yule wa kijivu mwenye macho makubwa wote wawili wamo, wakiwekwa sasa katika kundi la walio katika hatari ya kutoweka. Ndege niliokulia nikidhani hawana mwisho.

Jambo la pili ni ardhi. Mto unaoleta udongo huzalisha ardhi mpya, na ardhi mpya karibu na mji wa kitalii haikai muda mrefu bila mtu kuiwekea vigingi. Mlango wa Sabaki haumo ndani ya mipaka ya mbuga ya bahari. Mbuga iliwekwa kwa ajili ya matumbawe na samaki wake, na iliwekwa vizuri. Tope halikuonekana kuwa kitu cha kuwekewa mipaka. Kaskazini zaidi, kuelekea Gongoni na Marereni, tumeshaona jinsi pwani inavyoweza kubadilika: mashamba ya chumvi yalichukua maeneo makubwa ya mikoko na tambarare, na malalamiko ya wenyeji yalifika hadi Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu, iliyofanya uchunguzi wa hadharani katikati ya muongo wa 2000. Ni kweli kwamba ndege wengine hujihifadhi kwenye mabwawa ya chumvi maji yakijaa. Lakini bwawa la chumvi ni mali ya mtu, na mwenyewe akiamua kulikausha, ndege hawana pa kupeleka malalamiko.

Linganisha na Mida. Hori lile limezungukwa na mikoko ya kila namna, mkoko wenyewe, mkandaa, muia, mlilana, na liko ndani ya hifadhi. Wenyeji wamejengewa njia ya mbao inayopita juu ya mikoko hadi kwenye kibanda cha kutazamia ndege, na ada ya wageni imechangia karo za watoto wa sekondari wanaoishi pembeni mwa hori na msitu wa Arabuko-Sokoke. Mzazi ambaye mwanawe amesoma kwa fedha za ndege hahitaji semina ya kuelezwa thamani ya ndege. Sabaki haina mpango wa kiwango hicho, ingawa ndege wake wa zamu mbili wangevutia wageni mwaka mzima, hata miezi ya kusi ambapo Malindi hulia njaa ya watalii.

Jambo la tatu liko mbali kabisa na bahari. Tangu 2018 linajengwa bwawa la Thwake, mahali mto Thwake unapoingia Athi, mpakani mwa Makueni na Kitui. Limekusudiwa kushika mita za ujazo milioni 688 za maji. Sitaki kusomwa kana kwamba nalipinga. Watu wa Makueni na Kitui wametembea mbali mno kutafuta maji kwa vizazi vingi, na sisi wa pwani, tunaokunywa maji ya visima vya Baricho yanayotoka kwenye mchanga wa mto huuhuu, hatuna uso wa kuwaambia wasubiri kwa sababu ya vitwitwi. Ninachosema ni kwamba bwawa hunasa udongo. Masinga, kwenye mto Tana, lililokamilika mwaka 1981, lilianza kujaa tope upesi kuliko ilivyotarajiwa. Misri ni mfano mkali zaidi: baada ya bwawa kuu la Aswan kukamilika mwaka 1970, udongo wa Nile ulikoma kufika baharini, na rasi ya Rosetta, kwenye mlango wa Nile, ikazidi kuliwa na mawimbi kwa kiwango cha kilomita.

Kwa Malindi habari hiyo ina pande mbili. Udongo ukipungua, matumbawe yatapumua na maji ya mbele ya mji yatasafika, na mimi nitafurahi pamoja na kila mwenye mashua. Lakini ukipungua kupita kiasi, pamoja na mafuriko yanayosafisha mlango na kujenga mafungu mapya, bahari itaanza kudai ilichokuwa imetoa: kwanza ncha ya mchanga, kisha tambarare, kisha pengine hata ule ufuo mpana ambao watu wameshaanza kuujengea. Kati ya udongo mwingi wa leo na ukame wa udongo wa kesho kuna kiasi cha katikati, kile alichokiandika tumbawe kabla ya karne ya 20. Kukitafuta kunamaanisha matuta na miti Ukambani, jambo ambalo mkulima wa huko analihitaji kuliko sisi, na kunamaanisha kwamba wanaoendesha bwawa waulizwe mapema watafungua maji lini na kwa wingi gani. Sheria ya mazingira ya 1999 inadai tathmini ya athari kwa miradi mikubwa. Tathmini ya mradi wa mtoni ambayo haifuati mto mpaka unapoishia haijakamilika.

Ningeanza na mambo mawili madogo. Kwanza, ncha ya mchanga. Haihitaji ua wala askari wa bunduki. Inahitaji watu wa Sabaki na Mambrui, kupitia vikundi vyao vya ufuo, wakubaliane kwamba saa mbili kabla na saa mbili baada ya maji makuu ya bamvua, kuanzia Februari hadi Aprili, njia ya watu ipite nyuma ya vilima vya mchanga na mbwa wafungwe. Wavuvi wapite wanapotaka. Mtu anayevuta wavu wake mahali pamoja ndege humzoea, anayewarusha ni yule anayewaendea. Ratiba ya maji kila nahodha anayo kichwani. Serikali ya kaunti ya Kilifi ingesaidia kwa kutamka wazi kwamba ardhi mpya ya mlangoni haigawiwi, na ina sababu ya kisheria ya kutamka hivyo, maana Kenya ni mwanachama wa mkataba wa ndege wa majini wahamao uliopitishwa The Hague mwaka 1995.

Pili, hesabu. Ndege wa majini nchini huhesabiwa kila Januari, wakati wageni wa kaskazini wako hapa. Ndege wa Madagaska Januari wako kwao, wakikaribia kumaliza malezi. Anayesoma takwimu za Januari peke yake haoni kama Sabaki ina zamu ya pili, na mpangaji wa ardhi akiuliza kama kuna kitu pale Julai, atajibiwa kwa karatasi tupu. Hesabu ya Julai inahitaji darubini mbili, watu wanne wanaoujua ufuo, na asubuhi moja ya maji makuu. Vijana wa Mambrui wanaojua kutofautisha ndege hao wapo. Wapewe daftari, walipwe siku yao, na idadi watakayoipata ipelekwe mezani kwa kaunti kabla ya kigingi kingine kupigwa kwenye mchanga.